Kurasa 42

Mwaka 1986 nilikuwa kijana wa miaka 20, mkazi wa Katuba, mtaa wa Lubumbashi, na nilikuwa na vitu viwili ambavyo wenzangu hawakuwa navyo: mashine ya kupiga chapa niliyoazimwa na mjomba wangu karani, na uhakika kwamba mimi ndiye nitakayeandika filamu kubwa ya Lubumbashi. Mashine ilikuwa na herufi moja mbovu, "a", iliyoruka juu ya mstari kama panzi. Uhakika wangu haukuwa na kasoro yoyote.

Siku hizo nchi yetu ya Kongo iliitwa Zaire, mkoa wetu wa Katanga uliitwa Shaba, na televisheni ilikuwa moja tu, ya serikali. Mtaani kwetu seti ilikuwa ya fundi mmoja wa kampuni ya madini ya Gécamines. Jioni aliitoa barzani, akaiweka juu ya meza yenye kitambaa cha kushonwa kwa mkono, nasi tukaja na viti, ndoo za kupindua, matofali, na aliyekosa vyote akaketi juu ya kandambili zake. Taarifa ya habari ilifunguliwa kwa uso wa Rais Mobutu ukishuka kutoka mawinguni. Wakubwa walinyamaza kwa sababu zao. Watoto walinyamaza kwa sababu waliamini.

Lakini hatukukusanyika kwa ajili ya mawingu. Tulimngoja Mufwankolo.

Msomaji wa Dar es Salaam au Mombasa huenda halijui jina hilo. Kwetu Lubumbashi lilikuwa jina la mtu, la kundi lake na la aina nzima ya mchezo. Kundi hilo mizizi yake ni miaka ya 1950, mji ulipokuwa bado Élisabethville. Ilikuwa miaka ileile ambapo vijana wa Jecoke, wachekeshaji wa Kenya, walikuwa wakiimba na kupiga sarakasi mitaani. (Kenya hiyo si ile ya Nairobi, ni mtaa wetu mkubwa wenye soko na baa.) Mufwankolo na wenzake walipitia redioni, kisha wakaingia televisheni. Walicheza kwa Kiswahili chetu, kile kinachosema "batu" badala ya watu, "mayi" badala ya maji, na kuchukua neno la Kifaransa bila kubisha hodi. Tuliwaona wanaume wanaokunywa mshahara kabla ya kufika nyumbani, wake wenye ulimi mkali, wakubwa wa ofisi wenye tumbo mbele na madeni nyuma. Mama mmoja jirani yetu alikuwa akimnyooshea mumewe kidole huku akitazama: "Njo weye huyu!" Huyu ndiye wewe! Mume alicheka kuliko watu wote, ili ajulikane si yeye.

Nilicheka pia. Moyoni, hata hivyo, niliwadharau kidogo. Mwalimu wangu wa Kifaransa alikuwa ametuambia kwamba filamu huanza na senario: ukurasa, mahali, saa, nani anaingia, anasema nini. Nilipouliza ni nani aliyeandika michezo ya Mufwankolo, kila niliyemuuliza alinitazama kama niliyeuliza ni nani aliyeandika mvua.

Basi nikaandika ya kwangu. Kwa miezi mitatu, usiku, kwa taa ya mafuta kila umeme ulipokatika, nilipiga chapa kurasa 42 za Kifaransa. Kisa kilikuwa cha mfanyakazi wa reli anayemficha mkewe mshahara. Siku moja mke anakuta bahasha, anatoa hotuba ya ukurasa mmoja na nusu kuhusu heshima ya mwanamke wa Kiafrika, mume analia, pazia. Hotuba ile niliisoma mwenyewe kwa sauti mpaka mdogo wangu akahamia chumba cha pili.

Katuba palikuwa na kikundi kidogo cha maigizo, kimoja kati ya vingi vilivyozaliwa kwa kumtazama Mufwankolo. Kiongozi wake alikuwa seremala, mtu mzima, mwenye vidole viwili vifupi kwa sababu ya msumeno. Kila mtu alimwita Muzee. Jumamosi moja nilimpelekea kurasa zangu, nimezifunga kwa uzi. Alizipokea kwa mikono miwili, kwa heshima, akazipima uzito kama apimavyo ubao, akanirudishia.

"Kijana, hii ni ya kusoma ao ya kucheza?"

"Ya kucheza, Muzee."

"Kama ni ya kucheza, weka chini. Utueleze."

Nikaweka chini. Nikaeleza. Nilipofika kwenye bahasha, mama mmoja muuza makala, yaani makaa, ambaye kikundini ndiye aliyekuwa akicheza wake wote, wema kwa wabaya, akanikatiza: "Huyu mama anakasirika juu ya nini? Juu ya feza, ao juu ya bwongo?" Kwa fedha au kwa uongo. Sikuwa na jibu. Katika kurasa 42 sikuwa nimejiuliza.

Hapo ndipo nilipoona kwa macho yangu jinsi watu wasioandika wanavyoandika. Kwanza waligombana. Saa nzima, chini ya mwembe, watu kumi na wawili waligombana kuhusu ndoa ya watu wasiokuwapo. Mmoja alisema mume anaficha fedha kwa sababu ana mwanamke mtaa wa Kamalondo. Mwingine akasema hapana, anamtumia mama yake kijijini na anaona haya kusema. Wakakubaliana na huyu wa pili, kwa sababu mume mwenye kosa la namna hiyo hachekeshi tu, anauma pia. Kisha wakakata kisa vipande vitano. Kijana pekee aliyekuwa na kalamu akaandika majina ya vipande hivyo kwenye karatasi iliyochanwa katika daftari la mtoto. Kisha kila mtu akapewa nafasi yake. Maneno hayakugawiwa. Maneno kila mmoja alikuja nayo kutoka nyumbani.

Walipojaribu kipande cha bahasha mara ya kwanza, mama muuza makala alipiga kelele, nasi tukachoka. Muzee akatikisa kichwa: "Muntu hawezi kusema vile mu nyumba yake. Majirani banasikia." Mara ya pili alilia. Muzee hakusema kitu, na kwa Muzee kunyamaza kulikuwa kukataa. Mara ya tatu hakupiga kelele wala hakulia. Aliingia na sufuria ya bukari, yaani ugali, akaiweka mbele ya mumewe polepole, akafunua kifuniko. Ndani mlikuwa na maji matupu, yanatoa mvuke. Akasema kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Mayi iko. Bunga iko mu mufuko yako."

Maji haya hapa. Unga umo mfukoni mwako. Hakuna aliyepumua. Kijana aliyecheza mume alipeleka mkono mfukoni bila kuambiwa na mtu, na nadhani hata yeye hakujua kwamba ameupeleka. Hotuba yangu ya ukurasa mmoja na nusu ilifia pale, nami nikiwa mfiwa wa kwanza.

Mchezo ule tuliucheza mara 11, Katuba, Kenya na Ruashi. Nasema tuliucheza, kwa sababu walinipa kazi: nilikuwa mtunza karatasi. Siku moja, kabla ya onyesho, alikuja mtu wa ofisi fulani, abakosti safi, suti ya enzi ile, na bahasha ya ngozi kwapani. Alitaka kusoma maandishi yote ya mchezo kabla ya kuruhusu watu wakusanyike. Ilikuwa enzi ya chama kimoja. Neno lililosemwa mbele ya watu lilikuwa na mwenyewe, na mwenyewe hakuwa wewe.

"Texte iko wapi?"

"Njo hii, shefu," Muzee akajibu, akanipa ishara.

Nikatoa karatasi. Ilikuwa na mistari mitano: 1. Bibi. 2. Bwana. 3. Anvelope. 4. Kelele. 5. Amani. Mtu yule aliisoma, akaigeuza nyuma, akakuta hesabu za mtoto wa darasa la tatu, akairudisha mbele. Alikaa nayo kitambo. Mwisho akapiga muhuri. Usiku ule mume jukwaani, alipoulizwa fedha zimekwenda wapi, alitazama juu, kule mawinguni, akasema zimeshuka na zitapanda tena. Watu walicheka mpaka benchi moja likavunjika. Karatasi yenye muhuri haikuwa na neno hata moja kuhusu mawingu.

Mwaka uleule, Mufwankolo na kundi lake walikuwa wakitengeneza mchezo ambao baadaye ulisafiri mbali kuliko wao wenyewe. Chanzo chake kilikuwa firigisi ya kuku. Johannes Fabian, mwanaanthropolojia aliyekuwa amefundisha chuo kikuu hapa Lubumbashi tangu 1972 hadi 1974, alirudi 1986. Mezani akapewa firigisi, na akaambiwa haigawanywi: mamlaka huliwa mazima. Akawauliza waigizaji wa Mufwankolo maana ya msemo huo. Hawakumjibu kwa maelezo. Walimjibu kwa mchezo, kisa cha chifu na watu wake, uliofanyiwa mazoezi mjini na kupigwa picha za televisheni katika kijiji cha Kawama, nje kidogo ya Lubumbashi. Fikiria ujasiri wake: kucheza kuhusu mamlaka yasiyogawanywa, kwenye televisheni ya mtu aliyekuwa akila firigisi peke yake tangu Novemba 1965.

Fabian alinasa sauti tangu mabishano ya kwanza hadi siku ya kamera, akayaandika yote, na mwaka 1990 kitabu chake kikatoka Marekani. Mimi nilikipata baada ya miaka mingi, nakala ya kurudufu, kurasa zimepinda. Kiingereza changu ni cha kuombea chumvi, lakini Kiswahili kilichomo ni chetu, na nilikisoma usiku kucha. Nilikuta mambo yaleyale ya chini ya mwembe: kundi linapewa wazo, linagombana, linakata vipande, linagawana nafasi, kisha kila jaribio linatoa maneno mapya. Tuliyoyafanya Katuba hayakuwa ubabaishaji wa watu wasiosoma. Ilikuwa kazi yenye kanuni, na mji mzima ulikuwa ukiifanya.

Nilijifunza jambo la pili siku nyingine, katika warsha ya video, mwalimu alipotusimulia habari za mwandishi wa senario wa Ufilipino, Ricky Lee. Nilitega sikio, kwa sababu Februari ya 1986 redio zilikuwa zimetangaza kwamba Rais Marcos amekimbia Manila, na Katuba tuliipokea habari ile kwa sauti ya chini na macho makubwa. Lee aliwahi kufungwa wakati wa utawala wa kijeshi wa Marcos. Baadaye akaandika *Himala*, filamu ya 1982 iliyoongozwa na Ishmael Bernal: msichana wa kijijini anasema amemwona Bikira Maria, wagonjwa wanamiminika, na kijiji kinageuka soko. Tangu miaka hiyo amefundisha vijana kuandika senario bila malipo, na mwaka 2022 nchi yake ikampa cheo cha Msanii wa Taifa. Kisa kile kingechezeka Katuba bila kubadili kitu ila jina la msichana. Tofauti yetu ilikuwa karatasi. Yeye aliandika, na kazi yake ikabaki. Sisi hatukuandika, na hakuna aliyetupata na neno. Kinachokuficha kwa askari kinakuficha pia kwa wajukuu wako.

Kwa maana yaliyofuata yalikuja haraka. Aprili 1990 Mobutu alitangaza mwisho wa chama kimoja, na usiku wa tarehe 11 kuamkia 12 Mei wanafunzi waliuawa katika chuo kikuu cha hapa. Mwaka 1991 maduka yaliporwa. Kisha 1992 na 1993 watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Katanga, wengi kutoka Likasi na Kolwezi, wamejazana vituo vya reli na mabehewa. Katika kikundi chetu hakuna aliyewahi kuuliza nani ni wa wapi; ghafla kila mtu alikuwa wa mahali. Mama muuza makala alikuwa ameolewa na mtu wa Kasai. Waliondoka. Nilimsindikiza hadi kituoni, amebeba sufuria kichwani, na nilitaka kumwambia neno kuhusu ile sufuria nyingine ya bukari. Sikupata neno. Mwandishi mimi.

Kikundi kilikufa bila kuzikwa. Muzee alirudi kwenye mbao zake. Miaka ile majeneza yalikuwa na soko kuliko makabati. Mimi nilichanga na rafiki tukanunua kamera ya VHS, nikawa mpiga picha wa harusi na vilio. Siku moja nilikwenda kuuliza kwenye stesheni moja ya televisheni kama walihifadhi michezo ya zamani. Kijana mmoja mpole alinieleza kwamba kaseti zilikuwa ghali, kwa hiyo zilirekodiwa juu kwa juu: mchezo ukafunikwa na hotuba, hotuba ikafunikwa na mpira.

Sitaki kusema mji wetu haukuinuka. Mwaka 2008 wasanii wa hapa, akina Sammy Baloji na Patrick Mudekereza, walianzisha maonyesho ya Picha, ambayo leo ni Bienale ya Lubumbashi, na vijana wakaanza kushika kamera kwa nia nyingine. Na mwaka 2023 mtoto mwingine wa Lubumbashi, yule mwanamuziki Baloji, aliyezaliwa hapa 1978 na kupelekwa Ubelgiji akiwa mdogo, alipeleka tamasha la Cannes filamu yake ndefu ya kwanza, *Augure*, akatunukiwa Tuzo ya Sauti Mpya katika kitengo cha Un Certain Regard. Aliiongoza mwenyewe. Ni habari za Koffi, anayerudi nyumbani na mchumba wake mzungu kutoa mahari. Koffi ana alama ya kuzaliwa ambayo ndugu zake wanaisoma kama alama ya ushetani. Anambeba mtoto mchanga, pua inamtoka damu, na ukoo mzima unamgeukia. Kwetu jina Baloji lina maana ya walozi. Amebeba jina hilo maisha yote. Hakuhitaji kukitafuta kisa chake mbali.

Nilipoitazama niliwaza jambo la kazi, si la sifa. Filamu ya mtu asiye na kampuni kubwa nyuma yake huanza kwenye karatasi: senario, muhtasari, barua ya nia, bajeti, kisha maombi kwa mifuko ya nchi tatu au nne. Anayeisoma kwanza ni mwenye fedha, na mwigizaji huja mwisho. Kwa Muzee mwigizaji alikuja kwanza na fedha hazikuja kabisa. Vijana wanaonijia leo na senario kwenye simu zao wameandika kwa Kifaransa safi, kama mimi wa 1986, na kila mtu ndani yake anazungumza kama barua ya maombi ya kazi. Huwa siwasahihishi. Nawauliza swali la yule mama: huyu mtu anakasirika juu ya nini? Kisha nawaambia wawatafute watu watano, wakae chini ya mti, wagombane, wawashe kinasa sauti, na waandike jioni. Karatasi ije, tena ije lazima. Ila ije baada ya midomo.

Muzee alifariki kabla sijawa na akili ya kumrekodi. Yule mama sijui yuko wapi. Kama yu hai, ni bibi kizee huko Kasai, na wajukuu zake hawajui kwamba aliwahi kunyamazisha ua mzima kwa sufuria ya maji. Kurasa zangu 42 bado ninazo sandukuni, uzi wake uleule, kila "a" imeruka mahali pake. Hakuna aliyewahi kuzicheza. Mchezo tuliocheza mara 11 haukubaki hata kwenye kaseti moja.

Kwa hiyo wewe mwenye babu, shangazi au jirani aliyeigiza Lubumbashi, Likasi au Kolwezi, simu yako inaweza kunasa sauti. Mkalishe, mpe chai, muulize mchezo ulikwendaje. Fanya hivyo wiki hii.